Pedali ya Tatu

Watu wa mtaani walimwita Mama Chapa, na jina lilimkaa vizuri kiasi kwamba hata mumewe alilitumia akiwa na jambo zito la kusema. Kazi yake ilikuwa kuwapigia watu chapa: viapo, barua za malalamiko, maombi ya ruhusa, maelezo ya ajali. Alikuwa na chumba kimoja ubavuni mwa mahakama, chenye dirisha la wavu, meza mbili na benchi la wateja lililopachikwa kipande cha raba chini ya mguu mmoja lisiyumbe. Kwa miaka ishirini na minane alikuwa akisikiliza watu wakimwaga shida zao, naye akizipanga kwenye mistari iliyonyooka.

Hakuwa mtu wa kutulia. Akingoja maji yachemke, alipangua kabati lote la vyombo na kulipanga upya. Akiongea kwa simu na bintiye, mwalimu wa hesabu aliyeolewa mji mwingine, alizunguka nyumba nzima mpaka binti alalamike, "Mama, kaa chini basi, unanipa kizunguzungu mpaka huku." Mahali pekee ambapo mwili wake ulikubali kukaa ni mbele ya mashine ya chapa, na hata hapo vidole vilichukua zamu ya kukimbia. Sauti ya mteja iliingia sikioni ikatokea vidoleni, kichwani ikapita kama mgeni asiye na mizigo.

Mwaka ambao mahakama ililetewa kompyuta, karani wa masjala aliagizwa kutupa vifaa vya zamani. Kimoja hakukitupa. Alikileta kwa Mama Chapa amekikumbatia kama mtoto: kisanduku cha rangi ya kijivu, chenye mahali pa kaseti, kipaza sauti kidogo, hedifoni zilizochakaa sponji, na waya mrefu ulioishia kwenye ubao wa kukanyagia.

"Mama, hiki utakipenda," karani alisema. "Ni cha kunasia maneno ya mashahidi. Unasikiliza, unapiga chapa, na kaseti unaiongoza kwa mguu. Pedali ya kushoto inapeleka mbele, ya kati inarudisha nyuma."

"Na hii ya tatu?"

"Hiyo hakuna anayejua. Aliyekuwa akikitumia aliacha kazi ghafla. Alisema kifaa kinambishia."

"Kinambishia nini?"

"Mama, mimi ni karani tu. Nakuletea kama nilivyokipokea."

Mteja wa kwanza kusemea kwenye kifaa kile alikuwa mlinzi wa shule ya jirani, mtu wa makamo, mpole, aliyekuja ameshika kofia kwa mikono miwili. Wiki mbili nyuma, wakati wa likizo, ghala la shule lilikuwa limeungua na madawati yote yaliyokuwamo. Sasa mkuu wa shule alimtaka aandike maelezo.

"Nisidanganye, mama," mlinzi alisema. "Saa tisa mchana niliacha lindo. Nilikwenda kwa kinyozi kutazama kipindi cha pili cha mpira. Nilidhani dakika arobaini na tano tu. Niliporudi, bati zilikuwa zinapasuka kwa moto."

Mama Chapa aliyanasa maneno yake, akampigia chapa, akampa nakala ya juu. Nakala ya kaboni aliibakiza kwenye droo kama kawaida yake. Mlinzi aliondoka akijua kabisa kwamba unga umeshamwagika.

Alasiri ile wateja walikauka. Mama Chapa, ambaye mikono yake haikujua likizo, aliingiza karatasi mpya kwenye mashine, akavaa hedifoni, akakanyaga pedali ya tatu ili tu aone itafanya nini.

Sauti ilikuwa ya mlinzi yuleyule, na ilianza palepale. "Nisidanganye, mama. Saa tisa mchana nilitaka kuacha lindo. Nilishafika getini. Kisha nikajiambia, mpira nitaambiwa matokeo. Nikarudi. Ndipo nikasikia harufu ya waya unaoungua. Mlango wa ghala ulikuwa wa bati, na ulishashika moto. Niliuvuta kwa mikono miwili. Nilitoa madawati yote, mama, lakini mikono yangu, ndiyo hii unayoiona."

Kaseti ilipokoma, Mama Chapa alitazama karatasi. Vidole vilikuwa vimeshaandika yote, mpaka nukta ya mwisho. Alicheka kidogo, akadhani kaseti imechanganya mambo. Akafunga chumba akaenda zake.

Asubuhi yake, akiwa anafungua kufuli, mtu alimsalimia kwa nyuma. "Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba. Umeshapeleka yale..." Mlinzi alikuwa amefungwa bendeji mikono yote miwili, kuanzia vidole mpaka viwiko.

"Nimeshapeleka," mlinzi alisema kwa furaha. "Mkuu wa shule kanisifu mbele ya walimu wote."

Mama Chapa hakuingia ndani. Alishika njia moja kwa moja mpaka shuleni, akasimama nje ya uzio. Ghala lilikuwa limesimama. Mlango wake ulikuwa mweusi kwa masizi, na kupitia dirishani yalionekana madawati yamepandana mpaka darini. Alirudi mbio chumbani, akavuta droo. Nakala ya kaboni ilikuwamo, na bado ilisema habari za kinyozi na kipindi cha pili. Kwa yote yaliyokuwapo duniani jana, karatasi ile na kichwa chake ndivyo pekee vilivyokumbuka.

Mumewe alikuwa fundi wa viti, na watu wote, mkewe akiwa wa kwanza, walimwita Fundi. Alikuwa kinyume cha mkewe: mtu wa kukaa kimya na kipande cha mbao nusu siku mpaka wakubaliane. Mkono wake wa kushoto ulikuwa na kidole gumba na kidole kidogo tu. Vitatu vya katikati vilichukuliwa na msumeno wa kiwandani kabla hawajaoana. Jioni ile alisoma nakala ya kaboni mara mbili, akavua miwani.

"Jana uliniambia habari za mlinzi aliyeokoa madawati," alisema.

"Sikukuambia hivyo. Nilikuambia habari za mlinzi aliyeunguza ghala. Wewe hukumbuki kwa sababu nimeibadilisha. Fundi, nimemchoma mtu mikono!"

Fundi hakubisha wala hakukubali. Alimtazama mkewe akizunguka meza, akamwacha azunguke mara nne. "Kama ni kweli, hili ni jambo la kwenda kumwambia mwenyewe. Kama si kweli, atakucheka, nawe utalala."

Kesho yake Mama Chapa alimkuta mlinzi getini, ameketi kwenye kiti cha plastiki. Alimweleza yote bila kutia chumvi, akamshikia karatasi asome. Mlinzi alianza kwa kucheka. "Mimi niache lindo nikatazame mpira?" Kisha kicheko kikamtoka usoni taratibu. "Ni kweli nilifika getini. Hilo sijamwambia mtu yeyote."

"Naweza kukurudisha. Nikiipiga chapa hii ya kwanza tena, nadhani mikono yako itakuwa mizima. Lakini ghala litakuwa limeungua, na kazi hutakuwa nayo."

Mlinzi aliweka mikono yake juu ya magoti, akaitazama kama vitu alivyoachiwa avitunze. "Mke wangu ndiye anayenifunga vifungo siku hizi," alisema. "Daktari anasema mkono wa kulia utabaki mgumu." Ndani ya shule mtu alikuwa anafagia. "Iache tu, mama. Mtu aliyerudi kutoka getini namtaka. Sikujua kama ninaye. Ila jambo moja. Ungeniuliza."

"Nisamehe, baba. Ni vidole tu, sikujua..."

"Nimekusamehe. Lakini mikono ni yangu. Ungeniuliza kwanza."

Mama Chapa alirudi akiwa amekula kiapo: pedali ya tatu haitaguswa tena. Aliifunika kwa kitambaa, akawa anaweka mguu mbali nayo kama vile inauma.

Kiapo kilidumu siku tisa. Katika siku hizo tisa hakuwa na raha hata ya kunywa chai. Kila aliposhika mkono wa Fundi, alihesabu vidole. Wazo likampanda kichwani na kukataa kushuka: kama mlinzi alikuwa na siku yake ya kufika getini, Fundi naye alikuwa na yake.

"Nisaidie kujaribu kile kifaa," alimwambia mumewe. "Nisimulie ile ajali."

"Si ulishanipigia chapa mwenyewe?" Fundi alitabasamu. Ndivyo walivyokutana. Alikuja kwake mkono umefungwa, akitaka fomu ya maelezo ya ajali, na alipoulizwa aweke sahihi alidondosha kalamu mara tatu, na wote wawili wakaangua kicheko kisichofaa mahali pale.

"Nisimulie tena."

Akamsimulia. Ilikuwa Jumatano, alifika kiwandani mapema, msumeno ulikuwa na kinga iliyolegea, mbao ilikuwa na fundo ndani. Alitumia maneno machache kama mtu anayetaja vipimo. Mama Chapa alimshukuru, na kesho yake, saa sita mchana, alifunga mlango wa chumba, akaondoa kitambaa, akakanyaga.

"Jumatano ile," ilisema sauti ya Fundi, nyepesi zaidi kuliko alivyoizoea, "mvua ilinichelewesha nikakuta geti la kiwanda limefungwa. Nikarudi nyumbani nikachukua gitaa. Mchana huohuo jamaa wa bendi walipita, mpigaji wao ameugua. Ndiyo hivyo mpaka leo. Kila Jumamosi tuko ukumbi wa wafanyakazi. Ngoja nikuonyeshe."

Na gitaa likaanza.

Mama Chapa alijua kwamba mumewe aliwahi kupiga gitaa "kidogo tu, ujana." Hakuwahi kulisikia. Hata chombo chenyewe alikuwa ameshampa mtu walipooana. Kile alichokisikia sasa hakikuwa kidogo. Kilitembea, kikageuka, kikamtania msikilizaji, kikakimbia na kurudi kumchukua. Mikono yake ilikuwa imelala juu ya mapaja. Kwa mara ya kwanza maishani vidole vyake havikuthubutu.

Akaanza kusikiliza kila siku. Alikuwa akiitafuta sauti yake mwenyewe humo ndani, jina lake, hata kikohozi chake. Hakukuwa na kitu. Fundi wa kule alitaja bendi, nyuzi, safari, rafiki aliyefariki, mbwa. Mke hakutaja. Mama Chapa alikonda. Aliunguza chakula mara mbili kwa wiki moja. Makosa yakaingia kwenye kazi iliyokuwa haina makosa, mpaka karani wa masjala akaja na karatasi mkononi huku amevunjika mbavu.

"Mama, hapa umemfunga hakimu miezi sita, na mshtakiwa ndiye ametia sahihi!"

Hakucheka. Alichukua karatasi akaipiga upya, na mguu wake chini ya meza ulikuwa unatikisika kama sindano ya cherehani.

Fundi hakuwa kipofu. Mchana mmoja aliacha randa yake, akapanda mpaka mahakamani, akabisha mlango uliofungwa kwa ndani. Alipofunguliwa alimkuta mkewe ana hedifoni shingoni na macho mekundu.

"Nani huyo anayekuliza?" aliuliza.

"Ni wewe," Mama Chapa alisema, na hapo akashindwa kujikaza.

Alimweleza yote. Fundi alivaa hedifoni akiwa amesimama. Gitaa lilipoanza, alikaa kwenye benchi la wateja. Mkewe alimwona akikunja mkono wa kushoto juu ya paja, gumba na kidole kidogo vikibonyeza suruali, na katikati yake, pale pasipo na kitu, ngozi ikicheza. Alisikiliza mpaka mwisho bila kupepesa.

"Anakosea pale katikati," alisema hatimaye. "Uzi wa pili. Anauvuta mno. Na mimi nilikuwa nauvuta hivyohivyo, kila mtu ananisifia, hakuna anayeniambia." Akavua hedifoni taratibu. "Na wewe uko wapi humo?"

"Simo."

Fundi alitikisa kichwa kidogo kidogo, kama mtu anayepima mbao kwa jicho.

Mama Chapa akavuta pumzi. "Fundi, nakuuliza. Safari hii nauliza kwanza. Nikiipiga chapa, vidole vitarudi. Utaamka navyo kesho."

"Na binti yetu?"

"Sidhani yumo."

"Basi umeuliza, na nimejibu." Alisimama, akajikung'uta makombo ya mbao yaliyokuwa yamebaki kwenye suruali, akarudi kazini.

Mtu angedhani mambo yaliishia hapo. Lakini ugonjwa wa kutotulia ulimhamia Fundi. Yule aliyekuwa akikaa na mbao moja nusu siku, sasa aliipiga randa mpaka ikawa nyembamba kama ubao wa kukatia mboga. Kiti cha mteja kilitoka na miguu isiyolingana. Usiku alijigeuza, mchana alipiga mluzi wimbo mmoja uleule na kuukatiza palepale katikati. Jumapili, wakiwa wanakula, aliweka kijiko chini.

"Sasa nami nataka kujua," alisema. "Mimi kule nina gitaa. Wewe kule una nini? Nenda ukasemee kwenye kile kifaa, tusikie."

Walikwenda pamoja. Mahakama ilikuwa imefungwa, uwanja mtupu. Mama Chapa alisimulia maisha yake kwenye kipaza sauti: kazi, mume, binti, chumba. Kisha waligawana hedifoni, kila mtu upande mmoja, akakanyaga.

Sauti ilikuwa yake, na iliongea haraka, kama ya mtu anayetembea huku anaongea.

"Mimi ni mpiga chapa. Nina chumba ghorofani, ngazi ishirini na mbili. Sina mume, sikupata mtoto. Nikirudi nyumbani naongea na redio, na redio haijawahi kunibishia. Mwaka huu nilipewa kifaa chenye pedali tatu. Ya tatu inanisikilizisha mwanamke mwenye sauti yangu. Ana mume fundi wa viti. Ana binti, mwalimu, anayempigia simu kumwambia akae chini. Nimeshajua kifaa hiki kinafanya nini, nilikijaribu kwa mteja. Karatasi iko kwenye mashine. Namaliza viapo vya wiki hii, na Ijumaa nitaipiga chapa. Sioni ninamkosea nani."

Kaseti ikakoma.

"Sisi hatutapoteza kitu," Mama Chapa alisema. "Akipiga kule, mambo ya kule ndiyo yatakayobadilika. Atapata mume, atapata mtoto. Mimi ni nani nimkataze?"

"Atapata mume gani?"

Hapo akaelewa. Ili mwanamke yule awe na fundi wa viti, mpiga gitaa mmoja angeamka Jumamosi na vidole viwili tu mkono wa kushoto, akidhani ndivyo alivyokuwa siku zote.

"Yule si mimi," Fundi alisema. "Lakini vidole ni vyake. Zungumza naye. Kama anasikia unayoyasema humu, atasikia na hili."

Mama Chapa akashika kipaza sauti. Akakiweka. Akakishika tena. "Nimwite nani?"

"Mwite kama mnavyojiita. Mama Chapa."

"Kule si mama, Fundi."

Fundi aliinamisha macho. "Mwite dada, basi."

"Dada," alianza. "Nimekusikia. Ni mimi, wa huku. Sikulaumu, maana nilifanya kabla yako, na mimi sikuwa na sababu nzuri kama yako. Nilimchoma mtu mikono miwili, mlinzi wa watu, bila kumuuliza. Alinisamehe, lakini mpaka leo nikimwona naangalia chini. Wewe una mtu huko, hai, mzima, ana vidole kumi. Ukiipiga chapa karatasi hiyo, hatajua kama ameibiwa. Utalala pembeni yake ukijua wewe peke yako. Nisikilize, usiipige. Kamuulize kwanza."

"Atamuuliza nini, aonekane mwendawazimu?" Fundi alinong'ona. "Leta hapa." Akasogeza mdomo kwenye kipaza sauti kama mtu anayeongea na kiziwi. "Shemeji! Sikia. Mtu hakatwi vidole ili apate mke. Mimi nilikatwa kwa bahati mbaya. Wewe mtafute tu. Jumamosi yuko ukumbi wa wafanyakazi. Usimsifie, kila mtu anamsifia, kichwa kimeshamvimba. Mwambie uzi wa pili anauvuta mno. Atakasirika sana. Halafu hatapata usingizi mpaka akuulize umejuaje."

"Na kama ana mke?" Mama Chapa aliuliza.

"Basi ana mke. Atakuwa ameambiwa ukweli na mtu mmoja maishani mwake."

Wiki ile ilikuwa ndefu kuliko mwezi. Kila asubuhi Mama Chapa alisema maneno mawili matatu kwenye kifaa na kukanyaga, na kila asubuhi kilichomjibu ni mvumo mtupu. Jumatatu mvumo. Jumatano mvumo. Ijumaa hakupokea wateja. Fundi naye aliacha kazi, wakakaa chumbani wakitazama kisanduku kama wazazi nje ya chumba cha upasuaji. Mama Chapa alipiga hatua kutoka dirishani mpaka mlangoni mara zisizo na idadi. Fundi alilainisha kwa msasa ukingo wa benchi ambao haukuhitaji msasa. Saa kumi na moja wakafunga wakaondoka.

Jumatatu iliyofuata sauti ikaja.

"Niliwasikia, wote wawili. Ijumaa nilikaa mbele ya mashine tangu asubuhi. Nilipiga mstari mmoja. Nikachomoa karatasi, nikaichana, nikaokota vipande nikavichana tena. Jumamosi nilivaa gauni la kijani nikaenda. Nilikaa nyuma kabisa. Wakati wa mapumziko nilimfuata nikamwambia: uzi wa pili unauvuta mno. Aliniangalia! Akaniuliza, wewe ni mwanamuziki? Nikamwambia mimi ni mpiga chapa. Akasema, basi kapige chapa, gitaa niachie mimi." Ikasikika pumzi, au kicheko kilichozuiliwa. "Lakini aliporudi jukwaani, kwenye wimbo uleule, hakuuvuta. Akanitafuta kwa macho mpaka akaniona, ili nijue kwamba hakuuvuta. Sijui kama ana mke. Sikuuliza. Jumamosi ijayo nitakwenda tena."

Fundi alipiga paja kofi kubwa. "Nilisema!"

Lakini sauti ilikuwa haijamaliza. Ilishuka, ikawa polepole. "Dada, nina ombi. Usinisimulie tena habari za binti yako. Si kwa ubaya. Nikisikia, mikono yangu inakwenda yenyewe kwenye mashine, na siamini kama kila siku nitaizuia. Ukiniacha nisisikie, nitaweza."

Mama Chapa alizima kifaa. Alielewa kwamba ombi lile lilikuwa na pande mbili: asiposema, naye hatasikia. Hatajua kama gauni la kijani lilivaliwa tena, wala kama mpiga gitaa alikuwa na mke, wala kama mwanamke yule wa ngazi ishirini na mbili alipata mtu wa kumbishia nyumbani. Aliuma mdomo. Kisha alikiviringisha kifaa kwenye shuka la zamani, akamwomba Fundi akipandishe darini nyumbani kwao, akamwambia akisukume mpaka mwisho, mahali ambapo yeye na urefu wake hafiki.

Aliendelea na kazi miaka mingine sita. Hakuwahi kutulia zaidi ya alivyokuwa, na nisingependa kumsingizia kwamba alitulia. Kulikuwa na siku alizosimamisha ngazi chini ya dari, akapanda vidato viwili, akashuka. Fundi aliziona alama za ngazi sakafuni, akazifuta kwa mguu.

Jumamosi ndizo zilikuwa ngumu. Jua likianza kulegea, kila mmoja alikuwa hakamatiki: huyu anafungua dirisha, yule anafunga, huyu anashika gazeti, yule anauliza saa. Mwishowe Fundi alikuwa akivaa viatu.

"Saa hizi wanapanga viti pale ukumbini," alisema.

"Au ameshakaa nyuma kabisa."

"Si nyuma. Sasa hivi atakuwa amesogea katikati."

"Wewe unamjuaje?"

"Nimeishi naye miaka mingapi?"

Walitoka, wakatembea bila kupanga waendako, yeye mbele na Fundi akimfuata, wakibishana kuhusu watu wawili ambao hawatawaona kamwe. Jumamosi moja ubishi uliwakolea mpaka wakavuka daraja, wakapita nyumba wasizozijua, wakajikuta kwenye mtaa ambao hakuna kati yao aliyewahi kuukanyaga, na ikabidi wamsimamishe mpita njia wamuulize ni barabara ipi iliyo fupi ya kuwarudisha nyumbani. Mpita njia alinyoosha mkono kushoto. Walimshukuru, wakaenda kulia kidogo, kuona kulikuwa na nini.